Mwaka wa Fyuzi ya Manjano

Wiki iliyopita Ireri alinipigia simu kuniambia kwamba Fundi Nyaga amefariki. Ireri ndiye aliyekuwa akiendesha pikapu ya vyombo vya muziki katika karakana ya Nyaga mjini Embu, mwaka ule nilipokuwa mwanafunzi pale, na sauti yake haijabadilika: bado anaongea kana kwamba injini inanguruma na lazima aishinde. Aliniambia kwamba kamati ya mazishi inachapisha kijitabu cha marehemu, na kila aliyepitia mikononi mwa Nyaga anaombwa mistari minne. Akanisomea mfano ambao kamati ilikuwa imeshaandaa ili tusijisumbue kufikiri: alikuwa baba kwetu sote, kila tunachojua alitufunza yeye, hakuwahi kumwonea mtu. Nikamwambia sitaweka jina langu chini ya maneno hayo. Akacheka. "Kanana, wewe hujawahi change. Mtu amekufa na bado unabishana na yeye." Ni kweli, nabishana naye. Nina miaka arobaini na saba, nina karakana yangu mwenyewe, magoti yananiuma baridi ikizidi, na bado nabishana na Nyaga. Mistari minne hainitoshi. Nitaandika hapa, na habari za kwetu Kanyakine na za jinsi nilivyofika chuo nitaziruka, maana hazihusiki.

Karakana ilikuwa vyumba viwili nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi. Chumba cha mbele kilikuwa cha wateja: kaunta, benchi, na kalenda tatu za miaka iliyopita ambazo Nyaga alikataa kuziondoa kwa sababu alipenda picha zake. Chumba cha nyuma kilikuwa chetu sisi wa kazi. Kulikuwa na meza ndefu iliyojaa madoa meusi ya vyuma vya kulehemu, dirisha moja lililotazama ukuta wa jirani, na spika zilizorundikwa hadi darini, za makanisa, za kumbi za harusi, za wanasiasa. Kati ya vyumba hivyo palikuwa na ukuta wa mbao tu, na mbao zenyewe zilikuwa zimekauka na kuachana, hivyo lolote lililosemwa mbele lilisikika nyuma. Nilikuja pale kufanya mafunzo ya kazini ya mwaka wa mwisho. Chuo kilinipa kitabu chenye jalada la kijani ambamo nilipaswa kuandika kazi za kila juma, na kila Ijumaa Nyaga alitakiwa kusoma, kuandika maoni na kutia sahihi. Bila sahihi na maoni mazuri ya juma la mwisho hakuna kuhitimu. Yeye alikiweka kitabu juu ya goti, akaendelea kuongea na mteja, na kalamu ikapita kwenye karatasi bila jicho lake kushuka hata mara moja. Maoni yake yalikuwa neno moja kila juma: Vizuri.

Sitamnyima haki yake. Alinifunza kushika chuma cha kulehemu kama mtu ashikavyo kalamu na si kama ashikavyo nyundo. Alinifunza kusukuma ngozi ya spika kwa vidole viwili na kusikiliza kama koili ya ndani inakwaruza. Mambo hayo nawafunza vijana wangu hadi leo, na ninapowafunza nasema nimeyapata kwa nani. Lakini kusema kila ninachojua nilikipata kwake ni uongo, na kuna kitu kimoja nilichokijua pale ambacho yeye alikataa kukijua hadi akakosana nami.

Saa saba mkewe, Mama Wawira, alituletea githeri, mahindi na maharagwe ya kuchemsha, katika sufuria iliyofungwa kwa leso, na parachichi mbili za kugawana. Tulikula mezani palepale, tukisukuma vipuri pembeni kwa kiwiko. Nyaga na Ireri walipenda kunichokoza. "Nyinyi Wameru mna hasira," Nyaga alisema karibu kila siku. "Mtu akikukanyaga kidogo tu, vita." Nami nikamjibu, "Basi usinikanyage, Fundi." Ireri alicheka mpaka akapaliwa. Juma la kwanza baada ya kula waliondoka wakaniachia sahani tatu, nikaziosha. Juma la pili nikaziosha. Mwezi wa pili nikaosha yangu tu. Sahani ya Nyaga ililala pale na maharagwe yaliyokauka hadi kesho yake Mama Wawira alipokuja. Aliitazama, akanitazama, akaichukua, na toka siku hiyo kipande changu cha parachichi kilikuwa kikubwa zaidi. Nyaga naye, nadhani, alianza kuniwekea kiporo.

Julai, baridi ya Embu ikiwa imetushika kweli kweli na manyunyu hayakatiki, Ireri alileta spika mbili kubwa kutoka kanisa moja kule chini Mbeere. Mchungaji mwenyewe alikuja nazo, amekaa mbele ya pikapu, mkoba wa Biblia mapajani. "Fundi, hizi spika zinanidharau," alisema. "Naanza kuhubiri vizuri. Nikifika pale pa moto, sauti inakuwa kama niko ndani ya gunia. Nikinyamaza watu waimbe polepole, inarudi. Kuna wamama wanasema ni pepo." Nyaga akamwambia pepo hana kazi na spika. Tulizipiga siku nzima, zikaimba vizuri, tukazirudisha. Jumapili iliyofuata zikafanya vilevile, Jumatatu zikawa mezani tena, na tena zikaimba. Nyaga alianza kukasirika, na mtu wa karakana akikasirikia kifaa hasikii la mtu.

Mimi ndiye niliyefungua mojawapo. Ndani, kwenye njia ya waya inayoelekea twita, ile spika ndogo ya juu inayotoa sauti nyembamba, palikuwa na kidude cha manjano, bapa, ukubwa wa kifungo cha shati, chenye miguu miwili. Mafundi wote wa mji ule walikiita kapasita, na kwa hivyo nami nilikiita kapasita. Lakini wakati ule vipuri vyetu vilitoka Nairobi vimefungiwa kurasa zilizochanwa kutoka kwenye katalogi za Kiingereza, na mimi nilikuwa na tabia ya kuzinyoosha kurasa zile na kuzisoma nikinywa chai. Siku chache baadaye kwenye ukurasa mmoja nikakiona kidude changu, picha yake, na chini yake jedwali. Hakikuwa kapasita. Kilikuwa fyuzi, fyuzi isiyokatika moja kwa moja kama ile ya kioo: mkondo wa umeme ukizidi, kinapata moto, ukinzani wake unaruka juu ghafla, na umeme karibu wote unazuiwa. Kikipoa, kinaupitisha tena. Sijawahi kufurahi hivyo kwa sababu ya karatasi.

Nilikuwa na daftari langu dogo, si kile kitabu cha chuo, nikaanza kuyatafutia maneno ya jedwali lile Kiswahili, kwa sababu nilijua siku moja nitalazimika kumweleza mtu ambaye hataki Kiingereza changu. Fyuzi inayojirudisha, ndilo jina nililoipa. Mkondo wa kushikilia: kiasi inachoweza kubeba kutwa bila kukata. Mkondo wa kukatia: kiasi ambacho kikifika lazima ikate. Nikagundua kwamba viwili hivi havilingani, na katikati yake hakuna ahadi yoyote. Inaweza kukata, inaweza isikate, inategemea muda na joto la mahali. Mkondo wa kuvuja: hata ikishakata bado inaruhusu umeme kidogo upite, na huo kidogo unaifanya ibaki na moto, hivyo haitarudi mpaka upunguze au uzime. Na mstari mmoja wa mwisho ulioniamsha kwenye kiti: mahali penye joto, hukata mapema zaidi. Embu ilikuwa baridi. Kanisa la Mbeere lilikuwa la mabati, jua la saa sita, watu mia mbili ndani, na mchungaji anayepiga kelele. Spika hazikuwa mbovu. Zilikuwa zikijiokoa.

Nilimwambia Nyaga siku hiyohiyo, wakati wa githeri. Hakuacha kutafuna. Baadaye akaibeba spika moja hadi kwenye kona, akaipandisha sauti mpaka mwisho, vioo vikatetemeka, tukaziba masikio, na baada ya muda sauti nyembamba ikapotea, ikabaki ya gunia. Akazima, akaifungua haraka, akaweka ncha za mita kwenye miguu ya kidude kikiwa bado cha moto. Mita haikulia, maana yake umeme haupiti. "Umeona? Imekufa."

"Fundi, ngoja ipoe kidogo, upime tena."

"Ipoe iwe uji? Fyuzi ni fyuzi. Ikikata, imekata. Hiyo karatasi yako ilikuwa ya kufungia misumari." Akanipa uzi mmoja wa shaba aliouchomoa kwenye waya wa pasi. "Toa hiyo takataka, piga daraja. Zote mbili."

Kupiga daraja ndiyo iliyokuwa desturi. Fyuzi ya redio ikikatika unaweka uzi wa shaba au karatasi ya fedha ya pakiti ya sigara, kazi inaendelea, mteja anakusifu kwa sababu hakusubiri kipuri kitoke Nairobi. Fundi aliyesubiri kipuri alionekana mjinga. Nilijua yote niliyoyasoma, na nilichukua koleo, nikavikata vile vidude viwili, nikalehemu nyuzi za shaba mahali pake. Mikono ilikuwa yangu. Nimekuwa nikijikasirikia kwa hilo kuliko ninavyomkasirikia Nyaga, na natumaini msomaji ataona kwamba sijifichi. Jambo moja tu nililofanya sawasawa ni kwamba Ijumaa ile niliandika kitabuni: Nimeondoa fyuzi mbili zinazojirudisha katika spika za kanisa na kuweka uzi wa shaba, kwa agizo la fundi. Twita sasa hazina ulinzi. Nyaga akakiweka kitabu gotini, akaongea na mteja, akaandika Vizuri, akatia sahihi.

Jumapili mbili spika zilinguruma bila kukatika, na Mchungaji alituma salamu za baraka. Jumapili ya tatu ilikuwa ya shukrani, na watu walikuwa wamejaa hadi nje. Katikati ya maombi twita zote mbili ziliungua, moshi ukatoka, mtu akapiga yowe la moto, na watu wote wakakimbilia mlango mmoja. Hakuna aliyeumia vibaya, ila mzee mmoja wa kwaya aliteguka mkono. Jumatatu asubuhi Mchungaji alikuwa kwenye benchi la mbele, nami nilikuwa nyuma ya mbao, chuma cha kulehemu mkononi, nikisikia kila neno.

"Fundi, nani aligusa hizi spika?"

"Mchungaji, pole sana. Ni huyu msichana wa attachment. Nilitoka kidogo kuona mteja, akaingiza mkono mahali sikumtuma."

Mchungaji akavuta pumzi. Akasema yeye si mtu mbaya, kanisa lake si la kushtaki watu, lakini kwao mtu akikosea kanisa husimama mbele ya kanisa akatubu, kisha anaombewa na mambo yanaisha. Basi msichana aje Jumapili asimame. Nyaga akamwambia, "Atakuja. Sahihi yake iko kwangu." Nilikaa pale nikisikia harufu ya kitu kinachoungua kabla sijagundua kwamba ni meza, chuma kilikuwa kimelala juu ya mbao.

Nyaga alipoingia hakujaribu kujifanya kwamba sikusikia. Alisimama mlangoni, mikono mfukoni, na kwa mara ya kwanza niliona amezeeka. "Utasema tu pole. Dakika moja," aliniambia. "Wewe ni mgeni hapa, mwezi ujao unaenda zako. Mimi jina langu linabaki kwa huu mji. Nina watoto wanasoma kwa hilo jina." Nilimwelewa. Hata leo namwelewa, na ndiyo sababu sikubali kusomewa kwamba hakuwahi kumwonea mtu. Alijua ananionea, na alikuwa na sababu, na akafanya. Nikamuuliza nisipokwenda? Akasema, "Basi hicho kitabu utakikula."

Jumapili Ireri alinipeleka na pikapu. Tulisimama njiani kwenye kibanda, tukanywa chai ya rangi na mandazi ya jana, na hakunitazama usoni alipoanza kusema. "Kanana, meza hiyo kitu. Mimi nimemezea huyu mzee miaka tisa."

"Na umeshiba?"

Alimwaga chai iliyobaki chini, tukaondoka. Nilikuwa na kitabu changu cha kijani chini ya kwapa, na sikuwa nimeamua kitu. Nasema hivyo kwa sababu watu wakisimulia ujasiri wao huonekana walikuwa nao tangu alfajiri. Mimi nilikuwa naogopa. Nilitaka kuhitimu. Nilikuwa nimeitaka karatasi ile miaka mitatu.

Kanisa lilikuwa la joto hata kabla ya saa nne. Nyaga alikuwa tayari amekaa mbele, amevaa koti, amekunja miguu. Baada ya nyimbo Mchungaji akanitambulisha kama binti aliyekuja kuungama, akaniita mbele. Hapakuwa na kipaza sauti, kwa sababu spika bado zilikuwa mezani kwetu, hivyo ilibidi nipaze sauti yangu mwenyewe. Nikamtazama Nyaga. Akanitikisia kichwa, ishara ndogo ya kunitia moyo, kama mtu anayemhimiza mtoto amalize dawa. Ishara ile ndiyo iliyoniudhi. Nadhani angetazama chini, ningesema pole.

Nikasema, "Naitwa Kanana, mwanafunzi wa Fundi Nyaga. Nimeambiwa niombe msamaha kwa kushika spika zenu bila ruhusa. Hilo sitaliomba, kwa sababu halikutokea." Nikafungua kitabu, nikawasomea juma lile neno kwa neno, nikawaonyesha sahihi, nikampa mzee wa kanisa aliyekaa karibu aitazame. Kisha nikasema, "Lakini nilijua ni makosa, na mkono wangu ukafanya. Kwa hilo naomba mnisamehe. Na mzee aliyeumia mkono, naomba anisamehe."

Mchungaji akainuka. "Dada, hapa ni madhabahu, si korti."

"Wacha amalize," akasema bibi mmoja kutoka viti vya akina mama, kitambaa cheupe kichwani. Akanigeukia, akaniita binti kwa lugha yao. "Sasa, mwari, hiyo kitu haikuwa na pepo?"

"Haikuwa na pepo, cucu," nikamjibu, kama wao wanavyomwita nyanya. "Ilikuwa na joto. Mchungaji akipaza sana, na bati likiwa moto, ilikuwa inakata ili spika isiungue. Mkipunguza sauti ingerudi yenyewe."

"Si tulimwambia apunguze!" bibi akasema, na upande mzima wa akina mama ukaangua kicheko, na Mchungaji, kwa heshima yake, akaangalia viatu vyake na akatabasamu kidogo. Nyaga alikuwa ameshatoka. Nilisikia mlango wa gari ukigongwa.

Jumatatu nilikwenda kazini kama kawaida, nikafagia, nikawasha chuma. Hakunisemesha hadi Ijumaa, juma langu la mwisho. Saa kumi nikampelekea kitabu. Hakukiweka gotini. Alikiweka kaunta, akavaa miwani, akasoma ukurasa wa juma lile, wote, kidole kikifuata mistari. Kisha akarudi nyuma hadi ukurasa wa fyuzi, akausoma pia, kwa mara ya kwanza. Alinitazama muda mrefu, nami nikamtazama. Akachukua kalamu, akaandika neno moja kwenye nafasi ya maoni, akatia sahihi kwa nguvu hadi karatasi ikatoboka. Neno lenyewe: Hafundishiki. Akanirudishia kitabu kwa mikono miwili.

Mwalimu wangu chuoni aliposoma neno lile alivua miwani na kujipangusa uso. Alinipenda, na hakutaka kunipoteza. Alivuta droo, akatoa chupa ndogo ya wino mweupe wa kufutia, akaisukuma hadi upande wangu wa meza. "Futa hilo, mimi nitaandika Vizuri juu yake. Na huo ukurasa wa spika, uchane, usituletee maswali. Novemba utahitimu na wenzako. Hakuna atakayejua."

Nilirudisha chupa upande wake. "Mwalimu, zile Vizuri zote aliziandika bila kuniangalia. Hili peke yake aliliandika akiwa ameniona."

"Basi utarudia mafunzo yote mahali pengine. Mwaka mzima, Kanana."

Nikamwambia nitarudia. Wenzangu walipovaa majoho, mimi nilikuwa mjini Maua, nikitengeneza redio za pikapu za kusafirishia miraa, na juma la kwanza la kitabu changu kipya nililiandika kwa maneno yangu mwenyewe: mkondo wa kushikilia, mkondo wa kukatia, mkondo wa kuvuja. Niliyaeleza moja moja, mstari kwa mstari, nikampelekea fundi wa pale, na nikasimama mbele yake hadi alipoyasoma yote.